Ziwa Nililovuka Chini ya Koti la Mama Muthoni

Niseme aibu yangu mwanzoni, ili anayetaka kucheka acheke kisha aendelee na kazi zake. Siku ile nilivuka ziwa salama, nikafika kisiwani anakoishi dada yangu, nikakaa pale gatini kama robo saa, halafu nikarudi nilikotoka. Sikujua kwamba nimefika, wala sikujua kwamba nimerudi. Nilikuwa nimejifunika koti kichwani.

Najua habari imeshafika kwa kinyozi na kila siku inaongezwa chumvi. Kuna anayesema nilimtapikia padri. Sikutapika, na padri hakuwepo. Mmeniuliza sana, kila mtu kwa wakati wake, na mimi nimechoka kurudia. Basi someni mara moja, mpitishiane.

KIGANJO: KUONDOKA KWA KUSUKUMWA

Mimi si mtu wa safari. Nikienda Nyeri mjini asubuhi, ikifika saa sita nishaanza kukumbuka nyumbani. Tarumbeta ya makurutu wa chuo cha polisi ikilia naamka, nakamua ng'ombe wangu mmoja, nafungua kibanda changu cha kushona viatu, jioni nakamua tena, nalala. Dunia ikinihitaji itakuja Kiganjo yenyewe, kiatu chake kikiwa kimeachama.

Dada yangu Wangui hakuumbwa hivyo. Miaka ishirini na miwili iliyopita aliolewa na Ochieng, mwalimu aliyekuwa akifundisha huku kwetu, wakahamia kwao Ochieng, kisiwani, katika Ziwa Viktoria. Tangu wakati huo sikuwahi kukanyaga kwake. Harusi ya kule niliikosa. Adhiambo, mtoto wao wa kwanza, alipozaliwa sikwenda. Ochieng alipomzika mama yake, sikwenda. Kila mara nilipiga simu nikasema ng'ombe anakaribia kuzaa. Ukizifuata simu zangu, ng'ombe huyo mmoja amezaa ndama wa kujaza ranchi nzima ya Laikipia.

Ukweli nauandika hapa kwa sababu sasa umeshajulikana: naogopa maji. Mto Sagana nauweza, maana una daraja na unaona upande wa pili. Lakini kukalia chuma kinachoelea juu ya kitu kisicho na mwisho, hapana. Wangui sikuwahi kumwambia. Mwanamume wa miaka hamsini anamwambiaje dada yake mdogo jambo kama hilo?

Mwaka huu alipiga yeye. Wageni walikuwa wanakuja kumposa Adhiambo, Jumamosi, saa nane mchana.

"Ochieng amesema mazungumzo hayawezi kuanza kama mjomba hajakaa," akasema. "Nimekuwekea kiti."

"Unajua, Wangui, hii ng'ombe..."

"Gathogo. Sijauliza ng'ombe. Ukikosa hii, nitaambia binamu ya Ochieng akalie hicho kiti. Na mimi nitajua kwetu hakuna mtu. Sitakusumbua tena."

Simu yangu ni ile ya kusikika hadi barabarani. Jirani yangu, Mama Muthoni, alikuwa ameegemea ua akijifanya anang'oa magugu.

"Ng'ombe nitakamua mimi," akasema, bila kuulizwa. "Hiyo maneno imeisha. Na usiende na hiyo sweta imetoboka, ukatuaibishe. Ngoja."

Akarudi na koti la marehemu mume wake, aliyekuwa mlinzi wa usiku: jeusi, zito, linalofika kwenye visigino.

"Mama Muthoni, huko ziwani nasikia kuna joto."

"Wewe umejuaje, na hujawahi kufika?"

Nikalivaa.

NANYUKI: MAZIWA YA SHINGO NDEFU

Mtaniuliza mtu anaenda ziwani akipitia Nanyuki kwa nini. Nilikuwa na rafiki huko, Mzee Abdi, mwuzaji wa mifugo, ambaye viatu vyake nimevishona tangu akiwa na ndevu nyeusi. Lori lake lilikuwa linapeleka mbuzi upande wa ziwa, na nilifikiri kwamba nikisafiri na mtu ninayemjua itakuwa vigumu kutoroka. Nilijipanga dhidi yangu mwenyewe.

Mzee Abdi alinikalisha nyuma ya duka lake, akanipa wali na nyama, na chai. Ile chai ilinishika. Mimi ni mtu wa maziwa, siwezi kudanganywa, na maziwa yale yalikuwa na uzito na uchumvi fulani ambao sijawahi kuupata.

"Mzee, hii ni ya ng'ombe gani?" nikauliza. "Nataka mbegu yake."

Akamtazama dereva wake, Guyo. Guyo akatazama ukutani.

"Ni ng'ombe ya shingo ndefu," Mzee Abdi akasema.

"Inakula nini?"

"Miti."

Nilimaliza vikombe vitatu, nikipanga kichwani jinsi nitakavyobadilisha ufugaji wa Kiganjo, kabla sijaona ngamia wawili wamefungwa nje ya lango wakinitazama kwa dharau. Guyo alicheka mpaka akashindwa kufungua mlango wa lori.

Nilikuwa na nusu gunia la viazi na kabichi nne za Wangui. Viazi niliviweka miguuni. Kabichi Guyo akasema ziende nyuma, kuna nafasi. Sikufikiria nafasi ile ilikuwa na nani. Tuliposimama Nyahururu kutia mafuta, mbuzi walikuwa wametulia kama waumini baada ya mahubiri, na kabichi haikuwepo hata moja.

"Wageni wa dada yako wamekula mapema," Guyo akasema.

Tulilala Nakuru mpaka usiku wa manane, tukaendelea. Alfajiri tulishuka nchi ile inayozidi kuwa na joto kila ukifungua dirisha, na kufikia saa mbili Guyo alikuwa amenishusha gatini pamoja na gunia langu na koti langu. Nilikuwa na saa sita za kuvuka maji ya dakika arobaini. Hata mimi niliona nimewahi.

GATINI

Pale kwenye gati ya bara palikuwa na mama anachoma mahindi. Nikanunua, nikala nikiwa nimeyapa maji mgongo.

"Unangoja Dani?" akauliza.

"Nangoja feri."

"Ndiyo Dani. Huyo hapo anakuja."

Dani ni nyanya, yaani bibi kizee, kwa Kijaluo, na ukiiona feri yenyewe unaelewa. Ilikuwa na jina lake lililoandikwa ubavuni, lakini rangi imepakwa juu ya rangi na kutu imekula pale palipobaki, kwa hivyo hakuna anayejua tena iliitwa nani. Ni chuma kipana kama uwanja wa shule, katikati magari, pembeni kijumba cha abiria chenye mabenchi, na juu kabisa chumba cha kapteni kama kiota. Mbele ina mlango wa chuma unaoshushwa kwa minyororo mpaka uguse nchi kavu, na nyuma ina mwingine kama huo. Haina haja ya kugeuka. Inaingia kwa mdomo mmoja na kutoka kwa mwingine. Kumbukeni hilo.

Halafu ikapiga honi. Niliruka. Ililia kama ng'ombe anayezaa, tena anayezaa kwa shida, sauti ya kuanza chini, kupanda, na kukatika katikati. Nilihisi ni mimi ninasemwa.

Watu walishuka: walimu wenye mabegi, mama wenye beseni za samaki, lori la barafu. Wakapanda wengine: magodoro, kreti za soda, mikate ya siku nzima ya kisiwa, madawati, jogoo. Mimi niliingia moja kwa moja kwenye kijumba cha abiria, nikachagua benchi la mwisho, pembeni, linalotazama ukuta. Nikaweka gunia kando. Mlango wa chuma ulipopanda kwa kelele na sakafu ikaanza kutetemeka chini ya viatu vyangu, nilivuta koti la Mama Muthoni nikajifunika kichwa chote, nikafumba macho juu ya hapo, nikaanza kusali.

KUVUKA

Siwezi kuwaelezea ziwa kwa sababu sikuliona. Naweza kuwaelezea koti. Lilinuka dawa ya nondo na tumbaku.

Nje nilisikia vyuma, minyororo, magari yakiunguruma, watu wakiitana. Nikajua bado tunapakia. Ilikuwa imechukua muda mrefu kupakia, na kelele ilikuwa ileile. Kweli sakafu ilikuwa imetetemeka hapo katikati, lakini mimi mwenyewe nilikuwa ninatetemeka, na sikuweza kutofautisha.

Ndipo nilipoanza kushangazwa na watu wa ziwa. Huku kwetu ukikaa umejifunika, mtu atakusukuma akuulize kama umelewa. Pale, kila aliyepita karibu alipunguza sauti. Mtu aliweka mkono begani kwangu na kusema pole. Nikasema asante. Nilifikiri ana maana ya hofu yangu, nikaona watu hawa wana utu wa ajabu. Hata mkata tiketi alikuja, nikasikia akinong'ona na mtu, akaondoka bila kuniuliza kitu.

Kisha mwanamke mmoja alikuja. Alisimama mbele yangu muda kidogo. "Mos ahinya," akasema kwa sauti ya chini, ambayo hata mimi nilielewa ni pole sana. Akaweka kitu cha moto kwenye magoti yangu, kimefungwa kwa karatasi, akaenda.

Nikafungua mlemle gizani, chini ya koti. Ilikuwa nduma, magimbi ya kwetu. Nduma iliyochemshwa vizuri, imekatwa vipande, imenyunyizwa chumvi kidogo, kama alivyoitengeneza mama yetu. Nilikula yote. Nikafikiri: kumbe na huku nduma inamea. Nikapata nguvu. Mlango wa chuma ukapanda tena kwa kelele, sakafu ikatetemeka zaidi, nikajisemea sasa ndio tunaondoka, Gathogo, jikaze.

Nilijikaza dakika arobaini. Feri ilipogonga ukingo na kelele za kushuka zikaanza, nilitoa koti kichwani, nikachukua gunia, nikatembea kwa miguu yangu hadi nchi kavu. Sijui kama kuna mtu amewahi kukanyaga udongo kwa fahari kama ile. Nikamsimamisha mtu wa pikipiki.

"Nipeleke kwa Mwalimu Ochieng."

"Ochieng gani?"

"Ameoa Mkikuyu. Wangui."

"Aa, huyo ni wa kisiwani," akasema, akaonyesha kidole nyuma yangu, ng'ambo ya maji yote.

Nikageuka polepole. Yule mama wa mahindi alikuwa palepale penye moto wake.

"Umerudi?" akaniuliza. "Haraka hivyo?"

KUVUKA NUSU

Ilikuwa saa nne na zaidi. Kabla sijajua la kufanya, simu ikalia.

"Uko wapi?" Wangui akauliza. "Nilikuja gatini saa tatu. Nikaingia mpaka ndani ya feri kukutafuta."

"Niko njiani. Niko karibu sana."

"Karibu wapi?"

Nilitazama kisiwa. "Nakiona."

"Gathogo, usinidanganye. Kama hutaki kukanyaga kwangu, sema leo, nipange watu wangu."

"Nakuja, Wangui. Haki ya Mungu."

"Ng'ombe amezaa?" akauliza, na akakata.

Nilipanda tena. Benchi lilelile, koti lilelile. Nilipanga safari hii niache tundu dogo la kuchungulia, lakini Dani alipoachana na nchi kavu nililiziba. Tulikwenda kama dakika ishirini, halafu injini ikanyamaza.

Ninyi hamjui kimya cha namna hiyo. Nilisikia maji yakigonga chuma, jogoo akiuliza kulikoni, na moyo wangu. Nikajua ndio mwisho, na kwamba nitazama nikiwa nimevaa koti la marehemu, jambo ambalo Mama Muthoni hatalisahau.

"Magugu yameingia kwenye pangaboi," mtu akasema kwa sauti ya kuchoka, kama anayesema mvua imenyesha. Yale magugu ya ziwani, nilielezwa baadaye, huelea kama shamba linalohama, na siku hiyo upepo ulikuwa umeyaleta njiani. Kijana wa kufunga kamba za feri aliteremka na panga kuyakata. Tulikaa hapo karibu saa nzima. Abiria wote waliendelea na maongezi yao. Mmoja alisuka nywele za mwenziwe.

Mkono ukanigusa begani. "Baba, kunywa chai," sauti ya mwanamke ikasema. "Tangu asubuhi hujanywa kitu."

Nikatoa mkono mmoja nje ya koti.

"Pole sana," akasema. "Ni nani wako?"

"Nani wangu nini?"

"Aliyekufa."

"Hakuna aliyekufa."

Koti likavutwa kutoka kichwani kwangu kwa nguvu, na nikaona mwanamke mnene mwenye birika kubwa, uso wake umekunjamana. Ndiye Mama Apiyo, anayeuza chai ndani ya Dani kila siku.

"Hakuna aliyekufa!" akasema, na kijumba kizima kikageuka. "Wee mzee, tumekubeba mara tatu bure! Tumenyamazisha watoto! Mimi nimezima redio yangu sababu yako!"

Ndipo nilipoelezwa, kwa sauti ya kusikika mpaka ukingoni. Kisiwani hakuna mochari. Kila anayekufa hupitia kwa Dani, kwenda na kurudi, na jamaa zake hukaa kwenye benchi lile la mwisho, linalotazama ukuta. Mtu akikaa hapo na kujifunika kichwa, ni mfiwa. Haguswi, haulizwi tiketi, haambiwi shuka. Anaachwa mpaka ashuke mwenyewe.

"Kuna mama alivuka siku nzima," Mama Apiyo akasema, sasa akipoa kidogo. "Asubuhi mpaka jioni. Hakutaka kufika. Hakuna mtu alimwambia kitu. Sasa wewe, kama hujafiwa, ulikuwa unajificha nani?"

Nilitafuta uongo. Nilikuwa na mmoja tu, wa ng'ombe, na haukufaa.

"Naogopa maji," nikasema.

Sijawahi kuona watu wakifurahi hivyo. Hata waliokuwa nje kwenye magari waliletewa habari.

Injini ikaamka, lakini mbele palikuwa kijani kitupu, na kapteni akarudisha feri bara kungoja upepo uhame. Basi nikakanyaga gati ileile mara ya tatu, saa sita mchana. Mama wa mahindi aliniangalia tu, akanipa hindi bila kuitisha pesa.

JUU

Saa saba ilifika, na Dani bado amefungwa kamba. Nilimwendea Mama Apiyo, nikamwambia yote: kiti, saa nane, binamu ya Ochieng, miaka ishirini na miwili. Alisikiliza huku akiosha vikombe.

"Kwa hivyo dada yako anafikiria humtaki," akasema.

"Sijui anafikiria nini."

"Unajua," akasema. Akanishika mkono, akanipandisha ngazi ya chuma hadi kwa kapteni. "Omera, ndugu yangu, huyu ndiye yule mfiwa wa uongo. Saa nane anatakiwa kwa Mwalimu Ochieng kuposesha mtoto. Asipofika hakuna maneno."

Kapteni Okumu alikuwa mwembamba, amevaa kofia iliyokuwa nyeupe. Alinitazama kuanzia visiginoni.

"Hiyo koti ni ya baridi ama ya kujificha?"

"Yote mawili."

"Huku kwangu koti inavuliwa."

Nikavua. Akatazama ziwa, akatazama saa, akamwita fundi wa injini kwa kugonga bomba mara mbili. Dani ana injini mbili, akaniambia: moja inafanya kazi, na nyingine inaisindikiza. Sehemu mbili za sakafu ya chini zinavuja, wanazijua kama watu wanavyojua magoti yao yanayouma. Kila mwaka wanaambiwa feri mpya inakuja na Dani atapumzishwa. "Hata mwaka huu wamesema," akasema. "Mimi huwa nawaambia sawa, lakini kesho walimu watavuka na nini?"

Alikuwa anaongea ili nisitazame chini, na nilijua, na nilimshukuru. Safari ya kwanza ni ya walimu na samaki, akasema. Ya pili mikate. Ya tatu wagonjwa wa kwenda hospitali. Anajua saa kwa kuangalia nani anapanda.

Mbele yetu magugu yalikuwa yamegawanyika, na katikati palikuwa na njia ya maji, nyembamba kama ile ya ng'ombe kati ya mashamba mawili. Kapteni alimwingiza Dani humo polepole. Majani yalisugua chuma pande zote mbili. Ajabu ni kwamba ziwa likiwa limefunikwa na kijani, linafanana na mashamba ya chai ya Kangari ukiyatazama kutoka mlimani, na mimi chai siiogopi. Nilifungua jicho moja. Halafu la pili.

"Vuta hiyo kamba," kapteni akasema.

"Mimi?"

"Si unataka dada yako ajue unakuja?"

Nilivuta. Ng'ombe akazaa juu ya Ziwa Viktoria, sauti ikapanda na kukatika. Nikavuta tena. Mara ya tatu kapteni aliniondoa mkono, akasema inatosha, honi inakula hewa ambayo injini nayo inaitaka.

KITI

Wangui alikuwa gatini peke yake, amevaa kitenge kipya. Uso wake ulikuwa umefungwa. Nilishuka na gunia begani na koti mkononi, nimetokwa na jasho kama niliyeogelea.

"Saa nane kasoro," akasema. "Nilishamwambia binamu ya Ochieng ajitayarishe."

"Nimekuja."

"Umekuja. Asubuhi nilikutengenezea nduma, nikaja nayo mpaka hapa. Nikaitafuta sura yako humo ndani kama mjinga. Nikaishia kumpa mfiwa mmoja maskini alikuwa amejifunika pale nyuma."

Ningeweza kunyamaza. Mpaka leo najua ningeweza.

"Chumvi ilikuwa kidogo," nikasema.

Hakuelewa. Kisha akatazama koti mkononi mwangu. Alilichukua, akalifungua, akalinusa. Akatazama feri. Kule juu Kapteni Okumu na Mama Apiyo walikuwa wamejipanga dirishani kama watu walioketi mbele kwenye mchezo wa kuigiza.

"Huyo amevuka mara nne, mama!" Mama Apiyo akapaza sauti. "Anaogopa maji!"

"Ni maji?" Wangui akaniuliza, kwa sauti ndogo.

Nikatikisa kichwa kukubali.

"Wakati ya harusi?"

"Maji."

"Na Adhiambo akizaliwa? Na mazishi ya mamake Ochieng?"

"Maji, Wangui. Ng'ombe alizaa mara tatu tu maishani mwake."

Alianza kucheka akiwa amesimama, akamalizia akiwa ameketi juu ya gunia la viazi, koti limemfunika magoti, na sikuweza kujua ni machozi ya nini yaliyokuwa yakimtoka. "Muru wa maitu," akasema, mwana wa mama yangu, jina ambalo hakuwa ameniita tangu aolewe. Kisha akapangusa uso kwa lile koti, akasimama, akanikaripia tuharakishe.

Kiti kilikuwa cha mbao, chenye kitambaa cheupe, kati ya Ochieng na ukuta. Binamu yake alikuwa amesimama karibu nacho kama mtu anayeomba mvua isinyeshe. Nilikaa. Ochieng alinishika mkono na hakuuachilia kwa muda mrefu kuliko nilivyotarajia. Mazungumzo yakaanza. Nilipewa nafasi ya kusema, nikasema maneno manne au matano ya maana, na Adhiambo, ambaye nilikuwa ninamwona kwa mara ya kwanza na ambaye ana pua ya mama yetu, aliniuliza kwa kunong'ona kama ni kweli nilikunywa chai ya mfiwa. Habari ilikuwa imenitangulia.

KURUDI

Nililala kwao siku mbili. Nilirudi nikiwa nimesimama juu, karibu na kapteni, macho wazi, mikono miwili kwenye chuma. Sijapona, nimevuka tu. Mama Apiyo alinipa chai, na mara hii akaitisha pesa.

Kiganjo nilifika Jumanne jioni. Mama Muthoni alikuwa anakamua, na ng'ombe wangu, msaliti, alikuwa ametulia kuliko anavyotulia kwangu. Nilimsimulia yote pale zizini kuanzia kabichi mpaka kiti, kwa madoido, nikiiga sauti ya honi. Nilitarajia acheke. Alimaliza kukamua, akainuka, akanyoosha mgongo, akanitazama, na haya ndiyo maneno yake, sijaongeza wala kupunguza:

"Sisi wote hapa tulikuwa tunajua ulimkataa Wangui sababu ya kuolewa na Mjaluo, hata mimi nilikuwa nakuombea kanisani, na kumbe miaka ishirini na mbili ni maji tu, wewe ni mjinga, Gathogo, na hiyo koti yangu uifue kwanza ndio uilete."